Mwana Asiyeonekana: Talaka katika Kazi Mbili za Bergman

Mwalimu mwenzangu, huenda nawe umewahi kuwatungia wanafunzi swali kama hili: "Eleza madhara ya talaka kwa vijana." Mimi nililiuliza katika kidato cha tatu. Msichana mmoja aliniletea karatasi tupu akasema, "Mwalimu, hapa unataka niandike habari za kwetu." Tangu siku hiyo najiuliza sisi wahakiki tulianza lini kumsoma kijana mkaidi kama ushahidi tu wa ndoa iliyovunjika.

Nisindikize hadi Uswidi. Mnamo 1973 runinga ya huko ilionyesha mfululizo wa sehemu 6 wa mwongozaji Ingmar Bergman, uitwao Scener ur ett äktenskap, yaani matukio ya ndoa moja. Wahusika wakuu, Johan na Marianne, wanaachana. Mwaka uliofuata talaka ziliongezeka sana nchini humo, na wapo wanaodai kuwa ni mfululizo huo uliovunja nyumba za watu. Dai hili ni tamu, nasi wahakiki hupenda kusikia kwamba sanaa ina nguvu kiasi hicho. Hata hivyo, tarehe 1 Januari 1974 sheria mpya ya ndoa ilianza kutumika. Mtu hakuhitaji tena kutoa sababu ya kutaka talaka. Iwapo mwenzake alikataa, au palikuwa na mtoto wa chini ya miaka 16, walisubiri miezi 6 tu ya kutafakari. Anayelihakiki zao la sanaa bila kutazama sheria ya wakati wake atapotoka.

Jambo jingine: Johan na Marianne wana mabinti wawili, lakini katika mfululizo huo karibu hatuwaoni. Wazazi wanazungumza, wanagombana, wanapatana. Watoto wamo chumba kingine.

Miaka 30 baadaye, mwaka 2003, Bergman alitoa mwendelezo wake, Saraband. (Umri wa wahusika haulingani: zamani Johan alimzidi Marianne miaka 7, sasa anamzidi 23. Bergman hakujali.) Safari hii chumba kile kinafunguliwa. Johan ana mwana kutoka ndoa nyingine, Henrik, na wawili hao wanachukiana waziwazi. Henrik ana binti, Karin, mwenye miaka 19. Mamaye Karin amefariki, na baba, katika upweke wake, anamng'ang'ania binti huyu, anamfundisha selo na kumpangia maisha ya mpigaji wa pekee. Babu naye ana mpango wake: ampeleke Helsinki. Karin anaikataa mipango yote miwili. Anaondoka kwenda Hamburg na rafikiye, apige selo katikati ya wenzake kwenye okestra ya vijana.

Tazama vizuri uasi huu. Wazazi wa Karin hawakutalikiana kamwe. Anachokiasi ni mapenzi ya watu wazima yanayomfanya mali yao, na analipa: baba yake anajaribu kujiua.

Na wale mabinti wawili? Sara yuko Australia. Martha yuko katika hospitali ya wagonjwa wa akili, hamtambui mtu. Mwishoni Marianne anasimulia kwamba alipomgusa usoni, alihisi kwa mara ya kwanza kwamba anamgusa mtoto wake.

Swali langu la kidato cha tatu nimelifuta. Siku hizi, tukifika kwa mhusika kijana, nauliza hivi: "Huyu anataka nini, na ni nani ambaye hajamuuliza?" Yule msichana alijaza kurasa tatu.