Mkataba na Gereza

Katika vijiji na miji yetu husikika mara kwa mara mtu akimwambia mwenziwe, "Usiponilipa fedha zangu, nitakutia ndani." Mwenye kusema hivyo hakuibiwa, wala hakupigwa. Alikopesha kwa hiari yake, na siku ya kulipwa imepita. Haki yake ni ya kweli, lakini njia anayoitaka siyo. Ataka askari wa Serikali wamfanyie kazi ya kudai deni. Jambo hili si geni katika nchi ya Kenya. Lina historia ndefu, na yafaa kila mwanafunzi aijue.

Kwanza hatuna budi kutenga mambo mawili. Jinai ni kosa ambalo Serikali hulihesabu kuwa limetendwa dhidi ya watu wote, kama vile wizi, kuua au kuchoma nyumba; mwenye hatia huadhibiwa. Madai ni ugomvi baina ya mtu na mtu, kama vile deni, mpaka wa shamba au mkataba uliovunjwa. Mwenye kushindwa huamriwa alipe. Basi mtu anayeishika njia ya jinai ili apate malipo ya madai hutumia hofu ya gereza mahali pa ushahidi.

Zamani huko Uingereza mambo hayo yalichanganywa kwa makusudi. Tauni iliyoingia mwaka 1348 iliua watu wengi mno, hata wafanya kazi wakawa haba, nao wakadai ujira mkubwa zaidi. Mwaka 1351 Bunge likapitisha sheria ya kuwazuia wasipate zaidi ya ujira wa zamani, na waliokaidi waliweza kufungwa. Desturi hiyo ikadumu. Kwa sheria ya mwaka 1823, mfanya kazi aliyeacha kazi kabla ya mkataba wake kwisha aliweza kufungwa hata miezi 3 pamoja na kazi ngumu. Bwana aliyeuvunja mkataba ule ule alidaiwa fedha tu. Vyama vya wafanya kazi vikaipinga sheria hiyo, na mwaka 1875 ikafutwa. Tangu hapo, kwa kazi zilizo nyingi, kuvunja mkataba kukawa jambo la madai.

Sasa tazama yaliyotokea huku kwetu. Mwaka 1906, yaani miaka 31 baada ya Uingereza kuiacha desturi hiyo kwao, watawala wake waliileta katika nchi hii, iliyokuwa ikiitwa wakati huo Himaya ya Afrika ya Mashariki. Sheria yenyewe iliitwa Sheria ya Mabwana na Watumishi, nayo ilifuata mifano ya Afrika ya Kusini. Mtumishi aliyetoroka, aliyekosa kufika kazini bila ruhusa, aliyefanya kazi kwa uzembe, au aliyemtukana bwana wake, aliweza kupelekwa mbele ya hakimu na kutozwa faini au kufungwa. Mambo ambayo kwingine yangalimfanya mtu aachishwe kazi, hapa yalimfanya kuwa mhalifu.

Ni kweli kwamba sheria ilimwekea bwana pia wajibu wake, hasa ule wa kulipa mshahara. Lakini fikiri hali ya mtumishi aliyenyimwa mshahara. Ili ashtaki, ilimpasa kwenda bomani, pengine mwendo wa siku nzima au zaidi. Akiondoka bila ruhusa amekwisha kutenda kosa. Na ruhusa hiyo iko mkononi mwa yule yule anayetaka kumshtaki. Hivyo haki iliyoandikwa kitabuni haikuwa na mlango wa kuingilia.

Kisha kikaja kipande. Sheria yake ilitungwa mwaka 1915, ikaanza kutumiwa baada ya Vita Kuu ya Kwanza. Kila mwanamume Mwafrika aliyetimiza miaka 16 alipaswa kuchukua cheti chenye alama za vidole vyake, jina la bwana wake, mshahara wake, na siku alizoanza na kuacha kazi. Wengi walikivaa shingoni ndani ya kikebe cha chuma. Aliyeondoka bila bwana kutia sahihi alijulikana popote alipokwenda. Askari wa Serikali wakawa walinzi wa mikataba ya watu binafsi.

Mwaka 1921 Harry Thuku na wenzake walipinga kipande pamoja na kupunguzwa kwa mishahara. Thuku alikamatwa tarehe 14 Machi 1922. Siku mbili baadaye umati uliokusanyika Nairobi kudai aachiliwe ulipigwa risasi. Serikali yenyewe ilihesabu maiti 21, naye Mary Muthoni Nyanjiru alikuwa mmoja wao. Thuku akapelekwa Kismayu bila kuhukumiwa mahakamani.

Mwishowe ulimwengu uliikataa desturi hiyo. Mwaka 1955 Shirika la Kazi la Kimataifa liliagiza adhabu za namna hiyo ziondolewe, na mwaka 1966 Umoja wa Mataifa ukapitisha mapatano yanayokataza mtu kufungwa kwa sababu tu hawezi kutimiza mkataba. Kenya iliyakubali mwaka 1972. Nayo Katiba ya mwaka 2010, kifungu cha 157, yamtaka Mkurugenzi wa Mashtaka ya Umma azuie matumizi mabaya ya sheria.

Hatusemi kwamba mdaiwa hana kosa kamwe. Aliyekopa kwa hila, akisema uongo tangu mwanzo, ni mdanganyifu, na mashtaka ya jinai yamstahili. Bali aliyekopa kwa nia njema kisha akashindwa ni mdaiwa tu. Mwenye kumdai ana njia yake: tangu mwaka 2021 tunazo Mahakama za Madai Madogo, zinazosikiliza madai yasiyozidi shilingi 1,000,000 na kupaswa kuamua kwa siku 60.

Basi, msomaji, siku utakapodai haki yako, kumbuka mtumishi yule na kikebe chake shingoni. Wazee walisema dawa ya deni ni kulipa. Hawakusema kwamba dawa yake ni gereza.