Mwanamke wa Nyanza Baada ya Uzazi

Tangu utafiti mkubwa wa afya ya kaya uliofanywa Tanzania mwaka 1991 na 1992, na katika kila utafiti wa namna hiyo uliofuata, mwanamke huanza kuulizwa habari za mwili wake anapotimiza miaka 15: huulizwa mimba alizobeba, watoto walio hai na waliofariki, njia ya uzazi wa mpango aliyoishika na aliyoiacha, na mahali alipojifungulia, na maulizo hayo humfuata mpaka avuke miaka 49, kisha hunyamaza, kana kwamba mama huyo amehama nchi. Hata utafiti mashuhuri uliofanywa vijijini Mwanza baina ya mwaka 1991 na 1994, ambao ulidhihirisha kwamba kuyatibu vyema magonjwa ya zinaa katika zahanati za kawaida hupunguza maambukizo mapya ya virusi vya UKIMWI kwa takriban asilimia 40, ulikomea kwa watu wa miaka 54. Sizitaji kazi hizi kwa kuzilaumu, maana zimeokoa roho nyingi; nazitaja kwa sababu zinaonyesha mahali ambapo tabibu hufunga daftari lake, na mahali hapo ndipo ukomo wa hedhi unapoanza, kwani aghalabu hedhi hukatika baina ya miaka 45 na 55.

Mila za kandokando ya Ziwa Nyanza zilikuwa na mahali pa kumweka mwanamke huyu. Miongoni mwa Wajaluo wa Ghuba ya Winam, ambao jamaa zao wamekaa upande wetu huko Rorya, alikuwako bibi aliyeitwa pim, ajuza aliyekwisha kuzaa, mara nyingi mgeni kutoka ukoo mwingine, aliyepewa nyumba yake bomani, nyumba iliyoitwa siwindhe, na humo watoto walioachishwa ziwa pamoja na wasichana waliokaribia kuvunja ungo walilala, wakala, wakafunzwa nani jamaa na nani jirani, nani wa kuolewa naye na nani wa kuepukwa. Mwanahistoria David William Cohen, alipoandika juu ya pim mwaka 1985, alichagua kuitazama jamii yote ya Siaya kutoka mlangoni pa bibi huyo. Naona alichagua vema, kwa kuwa mtu ambaye hashindani tena na wake wenza kwa mimba wala kwa zamu ya mume ndiye aliyeweza kuaminiwa na watoto wa wote.

Upande wa Mara, Wakurya wana desturi iitwayo nyumba ntobhu, ambayo ingaliko hata leo, na kwayo mama aliyefika umri huo bila kupata mtoto wa kiume hutoa ng'ombe wa mahari akaoa msichana, na watoto wa msichana yule wakahesabiwa kuwa wa nyumba ya mama na warithi wa mali yake. Nao Waislamu waliokaa Mwanza mjini walikuja na fikihi, ambayo inamtambua waziwazi mwanamke aliyekata tamaa ya hedhi, ikampangia eda ya talaka ya miezi mitatu, ilhali mwenzake ambaye hedhi haijakatika huhesabiwa vipindi vitatu vya twahara.

Lakini haitakuwa insafu kuzipamba mila kupita kiasi. Usukumani hukohuko ambako bibi aliketi na wajukuu akiwasimulia ngano, ajuza wenye macho mekundu, wekundu walioupata kwa moshi wa miaka mingi wa kuni na samadi kavu, walisingiziwa uchawi kwa wekundu huo, na tangu miaka ya 1970 mauaji ya vikongwe katika Mwanza na Shinyanga yakawa fedheha na msiba wa taifa. Jamii ilimpa mwanamke huyu cheo, au ilimwogopa. Mwili wake wenyewe, usiku anapoamka amelowa jasho shuka zima, ulibaki siri yake na mashoga zake.

Aniceti Kitereza wa Ukerewe, aliyezaliwa mwaka 1896, alimaliza mwaka 1945 kuandika kwa Kikerewe kisa cha Bwana Myombekere na Bibi Bugonoka, ambacho alikitia mwenyewe katika Kiswahili, kikachapwa na Tanzania Publishing House mwaka 1980, mwaka mmoja kabla hajafariki. Kitabu hicho kinaeleza kwa utulivu maisha ya kisiwani ya zamani, kilimo na uvuvi, pombe ya ndizi na adabu za ukweni, na kuliko yote, dhiki ya nyumba isiyopata mtoto: mke anachukuliwa na wazazi wake akarudi kwao, mume anawafuata wakwe kumwomba, na mganga anashughulika na tumbo la Bugonoka mpaka linashika mimba. Asomaye kwa makini huona jinsi hikima ya mitishamba na subira ya watu ilivyoelekezwa kwenye tumbo linalotarajiwa kuzaa. Na hospitali zilipokuja zilirithi shughuli hiyohiyo.

Mapadri Weupe walifika Bukumbi mwaka 1883, Wajerumani wakaweka stesheni yao Mwanza mwaka 1892, na reli kutoka Tabora ikaingia mjini mwaka 1928. Tabibu wa siku hizo alikabiliwa na ndui, malale, buba na matende, na kwa haki hakuwa na wasaa wa kusikiliza habari za joto la ghafla la mama wa miaka hamsini. Wako wasemao kwamba zamani wanawake hawakufika umri huo, kwa kuwa sensa ya mwaka 1967 ilikadiria wastani wa maisha ya Mtanzania kuwa miaka 40 hivi. Lakini wastani huo ulivutwa chini na vifo vya watoto wachanga, na aliyevuka utoto na hatari za uzazi aliweza kuwaona wajukuu, kama pim mwenyewe anavyoshuhudia. Baada ya uhuru shime iliwekwa, na ilistahili kuwekwa, katika kumwokoa mzazi na mtoto. Chama cha uzazi wa mpango kilichokuja kuitwa UMATI kilikuwa kimekwisha kuanza Dar es Salaam mwaka 1959, na mwaka 1974 serikali ikaingiza uzazi wa mpango katika kliniki za mama na mtoto. Kwa mlango huo ndipo homoni zilipofika Nyanza, zikiwa vidonge, kisha sindano ya kila miezi mitatu: estrojeni na projesteroni, au dawa za jamaa yao, zikapewa mwanamke ili asizae kwa sasa. Kwamba homoni hizohizo zaweza kumfaa aliyekwisha kuacha kuzaa, hilo halikutangazwa kliniki.

Ng'ambo ilikuwa kinyume: huko tiba ya ukomo wa hedhi ilitangulia vidonge vya uzazi wa mpango kwa miaka mingi. Mwaka 1929 Edward Doisy huko Marekani na Adolf Butenandt huko Ujerumani, kila mmoja kwa njia yake, walitenga estrojeni kutoka katika mkojo wa wanawake wajawazito. Na mwaka 1942 Marekani ikaruhusu kuuzwa kwa Premarin, dawa iliyotengenezwa kwa mkojo wa farasi wenye mimba. Mwaka 1966 Robert Wilson, tabibu wa New York, alitoa kitabu kilichodai kwamba ukomo wa hedhi ni ugonjwa, na kwamba estrojeni itamhifadhi mwanamke katika ujana wake, baadaye ikajulikana kwamba watengenezaji wa dawa walimfadhili. Kisha mwaka 1975 ikathibitika kwamba estrojeni ikipewa peke yake kwa mwanamke mwenye mji wa mimba huongeza saratani ya ukuta wa mji huo, na tangu hapo wenye mji wa mimba wakawa wanachanganyiwa projesteroni ya kuukinga.

Pigo kubwa lilikuja Julai 2002, pale utafiti wa Marekani wa mchanganyiko huo wa homoni, uliohusisha wanawake 16,608 wenye umri wa miaka 50 hadi 79, uliposimamishwa kabla ya wakati wake. Magazeti yalieneza khofu, mamilioni wakatupa vidonge, na matabibu wa nchi nyingi wakaacha hata kujifunza tiba yenyewe. Hesabu zilisema hivi: katika kila wanawake 10,000 waliotumia mchanganyiko ule kwa mwaka mmoja, waliongezeka 8 wenye saratani ya matiti, 8 wenye kiharusi na 8 wenye damu iliyoganda mapafuni, na wakapungua 5 waliovunjika nyonga na 6 wenye saratani ya utumbo mpana. Tena wastani wa umri wao ulikuwa miaka 63, nao wengi walikwisha kupita zamani siku za joto na jasho. Uchambuzi uliofuata ulibainisha kwamba kwa mwanamke asiyefika miaka 60, au ambaye hedhi yake haijapita miaka 10 tangu kukoma, asiye na maradhi ya moyo, historia ya damu kuganda wala saratani ya matiti, manufaa aghalabu huzidi madhara. Naandika hesabu hizi kwa urefu kwa sababu khofu ya mwaka 2002 ilitufikia sisi, ilhali masahihisho yake yamekawia njiani.

Kazi ya dawa yenyewe haina muujiza. Ovari zinapopunguza estrojeni, sehemu ya ubongo inayopima joto la mwili hukosa uvumilivu, ikahesabu joto dogo kuwa kubwa, ikafungua mishipa ya ngozi na kumwaga jasho. Uke hukauka ukauma wakati wa tendo la ndoa. Mifupa hupungua uzito kimyakimya. Estrojeni kidogo, ya kumeza, ya plasta ya ngozi au ya marhamu ya kupaka ukeni, hupunguza baadhi ya hayo, na ile ya kupaka ukeni hugusa mwili wote kwa uchache sana. Mwenye joto dogo analoweza kulivumilia hahitaji dawa yoyote.

Sasa mtazame mama auzaye dagaa Mwaloni, Kirumba, anayeacha mizani katikati ya maneno, akafungua kitenge kifuani na kujipepea kwa kipande cha boksi, uso unamtiririka na wateja wamesimama. Kwa kuwa ni joto, atakwenda kupimwa malaria. Kwa kuwa ni jasho la usiku, ataulizwa juu ya kifua kikuu, na ni wajibu kuulizwa hivyo katika nchi yetu. Na vipimo vyote viwili vikitoka safi, atarudi nyumbani bila jibu. Zaidi ya hayo, tangu dawa za kupunguza makali ya UKIMWI zianze kutolewa na serikali mwaka 2004, wanawake wa kanda ya ziwa, ambako wagonjwa wa kwanza wa Tanzania walitambuliwa mkoani Kagera mwaka 1983, wameishi na kufika umri ambao wenzao wa miaka ya 1990 hawakuufikia. Kwao jasho la usiku huleta wahka kwamba ugonjwa umerudi; na baadhi ya dawa wanazomeza hupunguza nguvu za homoni, hivyo tabibu wa kliniki yao ndiye apaswaye kushauriwa kwanza.

Liko jambo moja ambalo haliwezi kungoja mjadala wa homoni wala dawa kuwasili katika zahanati za vijijini. Mwanamke aliyekaa miezi 12 bila hedhi, kisha akaona damu, hata tone, hajarudiwa na ujana wake. Huku kwetu damu hiyo husingiziwa kichocho, ambacho kweli huweza kudhuru njia ya uzazi ya wanawake wa mashamba ya mpunga. Lakini yaweza pia kutoka katika ukuta wa mji wa mimba, au katika shingo ya kizazi, ambayo saratani yake huongoza miongoni mwa wanawake wa Tanzania. Bugando, hospitali iliyofunguliwa mlimani mwaka 1971, ina matabibu wa saratani, na afikaye wakati damu ni tone ana tumaini kubwa kuliko anayengoja mpaka maumivu yaingie kiunoni.