Ziwa Paradise: Studio ya Martin na Osa Johnson

Umesimama ukingoni mwa Gof Sokorte Guda, kasoko yenye Ziwa Paradise, katika Mbuga ya Kitaifa ya Marsabit. Wageni wengi hufika kwa barabara inayopitia Isiolo na Laisamis.

Mwaka 1924 Wamarekani wawili, Martin Johnson na mkewe Osa, walihamia hapa kupiga filamu za wanyama. Walikaa hadi 1927. Walijenga nyumba, wakalima mboga, na wakawa na chumba cha giza cha kusafishia filamu papa hapa msituni.

Martin aliwahi kuwa mpishi wa mwandishi Jack London katika mashua ya Snark, 1907. Hapa alikuwa mwelekezi, mpiga picha na mwigizaji. Kamera iliendeshwa kwa kuzungusha mpini kwa mkono. Martin akizungusha, Osa alisimama kando ameshika bunduki, macho kwa kifaru. Filamu hazikuwa na sauti. Watazamaji walisoma maandishi kati ya picha.

Filamu yao Simba ilitoka 1928. Picha zake za wanyama ni hazina kubwa. Maandishi yake, hata hivyo, yaliwadhihaki Waafrika, ilhali wapagazi, wapishi na wasoma nyayo wa Kiafrika ndio waliofanikisha kazi hiyo. Wanastahili heshima hapa.

Martin alifariki 1937 katika ajali ya ndege California; Osa alifariki 1953.

Ndovu bado hunywa maji ziwani. Tafadhali usishuke bila askari wa Shirika la Wanyamapori la Kenya (KWS).