Gitaa la Shirati: jinsi Mara ilivyochangia benga

Mkoa wa Mara hutajwa kwa dhahabu ya Buhemba, iliyochimbwa tangu enzi za ukoloni, na kwa Butiama, nyumbani kwa Mwalimu Nyerere. Sifa yake nyingine inastahili kutajwa kwa sauti ileile. Upande wa Shirati, Rorya, mwaka 1940, alizaliwa Daniel Owino Misiani, mwanamuziki ambaye wapenzi wa benga, muziki wa gitaa wa Wajaluo, wa pande zote mbili za mpaka wa Tanzania na Kenya walimwita babu wa muziki huo.

Kabla ya gitaa kulikuwa na nyatiti. Mpigaji wa Kijaluo hukaa chini, akichezesha vidole kwenye nyuzi nane, huku pete ya chuma iliyo kwenye kidole cha mguu ikigonga mbao ya ala na kumtunzia mapigo. Wakurya nao wana litungu lao, kubwa zaidi, lenye mngurumo mzito. Gitaa lilipoenea baada ya Vita Kuu ya Pili, vijana wa kando ya Ziwa Victoria walikuwa tayari na masikio ya nyuzi. Walisikiliza pia santuri za Wakongo, hasa Jean-Bosco Mwenda, ambaye Hugh Tracey alimrekodi mwaka 1952, wakajifunza kudonoa nyuzi badala ya kuzikwaruza. Katika benga gitaa la solo humjibu mwimbaji neno kwa neno, besi hurukaruka kwa nguvu, kisha waimbaji hunyamaza na magitaa huachiwa uwanja. Hapo ndipo wachezaji hupandwa na mori.

Historia hiyo ya kuchanganya asili na ugeni inafanana na ya tango, muziki wa dansi wa Argentina na Uruguay. Mwishoni mwa karne ya 19, Buenos Aires na Montevideo zilijaa wahamiaji kutoka Italia na Hispania, wakiishi mitaa ileile na wajukuu wa Waafrika waliopelekwa huko utumwani na ngoma yao ya candombe. Kinanda cha bandoneon kilitoka Ujerumani. Matajiri wa Argentina waliidharau tango hadi Paris ilipoipokea, miaka michache kabla ya vita vya 1914. Mwaka 2009 UNESCO iliiweka katika orodha ya urithi wa binadamu.

Misiani naye alianza kwa kukataliwa. Wazazi wake walikuwa watu wa dini na hawakutaka mtoto wao ashike muziki wa dunia. Akavuka mpaka. Sababu haikuwa nyumbani peke yake: Kenya ndiko kulikokuwa na kampuni za kurekodi na kiwanda cha santuri, vitu ambavyo Tanzania haikuwa navyo. Musoma ilikuwa na Mara Jazz, wana Sensera, wakiimba Kiswahili kama bendi nyingine za dansi nchini. Aliyetaka kuimba Kijaluo na kuuza santuri alielekea Kisumu au Nairobi. Hata hivyo Misiani aliiita bendi yake Shirati Jazz, na jina la kijiji cha Mara likasomwa kwenye santuri kila zilikofika. Nyimbo zake za mafumbo ziliwagusa wakubwa, naye akawahi kukamatwa na kutishiwa kurudishwa Tanzania.

Santuri hizo zilifika mbali. Mfanyabiashara Phares Oluoch Kanindo aliisambaza benga kusini mwa Afrika, na Wazimbabwe wakaupa muziki huo jina lake, kanindo. Wapigania uhuru wao waliokuwa kwenye kambi za Tanzania waliusikia huku na kurudi nao, ukachangia kuzaliwa kwa sungura, mtindo unaopigwa Harare mpaka leo. Uingereza nayo ilipata ladha yake: mwaka 1987 kampuni ya World Circuit ilitoa albamu ya Shirati Jazz iitwayo Benga Beat.

Misiani alifariki kwa ajali ya barabarani Kisumu, Mei 2006, akiwa bado anapiga muziki. Rekodi zake za miaka ya 1970 zimetolewa upya Ulaya, na atakayezisikiliza akiwa Bunda au Buhemba atambue kwamba mpigaji huyo ni mtoto wa mkoa wake.