Kutoka Freretown hadi Mto Tana: Leonard Mambo Mbotela na Kiswahili cha Mpira

Timu ya taifa ya Kenya ingiapo uwanjani kupambana na wageni, hupigwa kwanza wimbo wa taifa, na lahani ya wimbo huo ilitoka Mto Tana. Asili yake ni wimbo wa Wapokomo wa kubembelezea mtoto, ambao Mzee Meza Galana aliutoa mwaka 1963 kwa kamati iliyokuwa na Graham Hyslop, George Senoga-Zake na Kasisi Thomas Kalume miongoni mwa wajumbe wake. Kwa hiyo msikilizaji wa Garsen, kabla mtangazaji hajafungua kinywa, alikwisha sikia kitu cha kwao. Kilichofuata kilikuwa Kiswahili, na kwa miaka mingi mmoja wa waliokisema alikuwa Leonard Mambo Mbotela.

Mbotela alizaliwa mwaka 1940 huko Freretown, Mombasa, katika makao yaliyoanzishwa na wamisionari wa CMS miaka ya 1870 kwa ajili ya watumwa waliokombolewa. Ukoo wake ulitokana na watumwa hao. Baba yake, James Mbotela, ndiye mwandishi wa Uhuru wa Watumwa, kitabu kilichochapwa mwaka 1934. Wahakiki wamekilaumu kitabu hicho kwa kuwasifu mno Waingereza, na lawama hiyo ina haki. Lakini yafaa ikumbukwe kwamba wazee wa Freretown walitoka bara wakiwa na lugha zao mbalimbali, wakakishika Kiswahili pwani. Mwana wao mmoja akakitumia kuandika historia yao, na mjukuu akakitumia kusimulia mpira.

Alijiunga na Sauti ya Kenya mwaka 1964. Kazi ya mtangazaji wa kandanda ni ngumu kuliko idhaniwavyo, kwani hana budi kumpa asiyeona macho ya kuonea, tena papo hapo, bila nafasi ya kurudi nyuma kusahihisha. Nyenzo zake nyingine ni za zamani, kama bao na chenga. Nyingine ni za kukopa, kama kona, penalti na golikipa. Na nyingine ni vitenzi vya kawaida vilivyopewa kazi mpya, kama kuotea. Mvuvi wa Kipokomo aliyesikiliza hakuwa mgeni kabisa, maana Kipokomo na Kiswahili ni ndugu katika kundi la Sabaki. Mfugaji wa Kiorma, ambaye lugha yake ni ya Kikushi, alikuwa na safari ndefu zaidi. Na mafuriko yalipoikata barabara ya Malindi na Lamu, gazeti halikupita; redio ilipita.

Sauti inayoaminiwa huweza kutekwa. Alfajiri ya Jumapili, tarehe 1 Agosti 1982, askari waasi wa Jeshi la Anga walimchukua Mbotela nyumbani kwake Nairobi, wakampeleka kituoni na kumlazimisha atangaze kwamba serikali ya Rais Moi imepinduliwa. Siku hiyo hiyo majeshi yaliyobaki na utii yalikikomboa kituo. Waasi walikuwa na bunduki, na bado waliona haja ya mtu ambaye nchi nzima ilimjua kwa mpira. Pengine hakuna ushahidi mkubwa kuliko huo wa nguvu aliyokuwa ameipata mtangazaji wa michezo.

Hata hivyo, jambo linalomhusu zaidi mwanalugha ni kipindi chake kingine, Je, Huu ni Ungwana?, alichokianza mwaka 1966 na kukiendesha kwa zaidi ya nusu karne. Humo alihoji adabu za watu njiani, nyumbani na kazini. Katika Kiswahili cha kale cha pwani, mwungwana hakuwa mtu mwenye adabu tu. Alikuwa mtu huru, kinyume cha mtumwa, na watu wa asili ya Freretown wasingehesabiwa katika jina hilo. Neno lilikuwa limekwisha anza kuhama maana, lakini kila juma lilisikika likitoka katika kinywa cha mjukuu wa waliokombolewa, naye ndiye aliyekuwa akiuliza nani mwungwana na nani siye. Mbotela alifariki dunia Nairobi tarehe 7 Februari 2025, akiwa na umri wa miaka 84.