Martin Mhando: Mwongozaji aliyekisikiliza kijiji

MARTIN Mhando, mwongozaji wa filamu na mhadhiri, anakumbukwa na wakazi wengi wa Mji Mkongwe kwa kuliongoza Tamasha la Filamu la Kimataifa la Zanzibar (ZIFF) kuanzia mwaka 2007. Lakini kabla ya hapo alikwisha kufanya kazi iliyo nzito zaidi: kukionyesha kijiji cha Tanzania kama mahali penye elimu yake.

Haikuwa hivyo awali. Kampuni ya Filamu Tanzania, iliyoundwa mwaka 1968, ilifanya kazi wakati ambapo magari ya sinema yalizunguka vijijini kueneza siasa ya ujamaa. Katika Fimbo ya Mnyonge, ya miaka ya 1970, kijana Yombayomba anataabika mjini, kisha anarejea kujenga kijiji cha ujamaa. Filamu ilifundisha, mwanakijiji akasikiliza.

Mhando, aliyesomea filamu nchini Romania, alitoka katika kampuni hiyo hiyo. Aliongoza Yomba Yomba (1985), kisha Mama Tumaini (1986). Mwaka huo wa 1985 Mmarekani Ron Mulvihill na Mtanzania Nangayoma Ng'oge walitoa Arusi ya Mariamu, filamu fupi ya mke mgonjwa ambaye hospitali zimeshindwa kumponya, naye anamwogopa mganga wa jadi. Mganga yule hakufanyiwa mzaha wala hakutukuzwa. Kwa maoni yetu, hapo ndipo njia ilipofunguka.

Mulvihill na Mhando wakashirikiana katika Maangamizi (2001). Dk. Asira, Mmarekani mweusi, anakuja kufanya kazi katika hospitali ya wagonjwa wa akili nchini Tanzania. Huko anamkuta Samehe, mwanamke ambaye hajatamka neno kwa miaka mingi. Samehe anaigizwa na Amandina Lihamba, msomi wa sanaa za maonyesho wa Chuo Kikuu cha Dar es Salaam, na uso wake pekee unatosha kuibeba filamu. Vitabu vya daktari havimfungui kinywa. Roho ya bibi wa kale ndiyo inayomwita, na daktari mwenyewe analazimika kuwarudia wahenga wake. Mtazamaji aliyezoea filamu za mapigano ataiona inakwenda polepole, lakini asikate tamaa.

Maangamizi ilikuwa filamu ya kwanza ya Tanzania kuwasilishwa kuwania Oscar ya filamu za lugha ya kigeni.

Na wanavijiji wenyewe? Mji Mkongwe una Ngome Kongwe, ambako ZIFF imeonyesha filamu tangu 1998, ingawa majumba yake ya sinema, Majestic likiwamo, yalififia. Shamba hapakuwa na jumba. Ndiyo maana mpango wa ZIFF wa kupeleka filamu katika vijiji vya Unguja na Pemba ulikuwa na uzito kuliko zulia jekundu la Forodhani.

Filamu ya pili ya Tanzania kupelekwa Oscar, Vuta N'Kuvute ya Amil Shivji, ilifuata mwaka 2022, ikisimulia mji wa Zanzibar wa miaka ya 1950.