Haki ya Kuulizwa Habari: Berlin, Kinkondja, Kolwezi

Mwaka 1903 Georg Simmel, mzaliwa wa Berlin, aliandika insha juu ya miji mikubwa na nafsi ya mkazi wake. Kwa maoni yake, mtu wa jiji hupishana na nyuso nyingi mno; akijishughulisha na kila moja atachanganyikiwa. Ndipo anapojivika ubaridi. Ubaridi huo humtia upweke, lakini humpa uhuru asioupata katika mji mdogo, ambako majirani humpima kila hatua.

Kinkondja, kwenye ziwa Kisale, kusini-mashariki mwa Kongo-Kinshasa, hesabu ni nyingine. Anayeshuka mtumbwini kati ya vikapu vya samaki wa moshi hamalizi salamu kabla ya kuulizwa ni mtoto wa nani. Akitaja ukoo, papo hapo anakuwa mjomba wa fulani au shemeji wa fulani. Hata wafu walitambuliwa: katika makaburi ya kale ya Sanga, kando ya ziwa hilohilo, yaliyoanza kuchimbwa na wanaakiolojia mwaka 1957, watoto walizikwa na vyungu vidogo vya kadiri yao. Padri Mbelgiji Placide Tempels, aliyeishi na Waluba, wenyeji wa sehemu hizo, aliitetea fikra hiyo katika kitabu chake cha 1945 juu ya falsafa ya Kibantu: uhai wa mtu umefungamana na wa wazee na watoto wake.

Tusiipambe lakini. Anayejulikana na wote hushukiwa na wote pia. Aliyesingiziwa uchawi kijijini hana pa kujificha. Kwake, treni ya kutoka Bukama kwenda Lubumbashi ni wokovu, na Simmel angemwelewa.

Katika miaka ya 1950 Tempels alikuwa Kolwezi, kwenye makambi ya wachimbaji wa kampuni ya madini ya Union Minière, ambako watu wa makabila mbalimbali walipangwa nyumba kwa nyumba. Huko ilizaliwa Jamaa, jumuiya ya waumini Wakatoliki. Mume na mke waliingia pamoja, wakafundishwa uzima, uzazi na mapendo, wakapata wazazi wa kiroho wasio wa damu yao. Baadaye maaskofu waliitilia shaka, ila jambo moja ililithibitisha: undugu waweza kuchaguliwa, wala si lazima urithiwe.

Kwa hiyo mpangaji wa Lubumbashi leo hana haja ya kuhamishiwa kijiji kizima mjini. Anahitaji watu wachache ambao yeye mwenyewe amewapa haki ya kumwuliza jana alilala wapi.